Kiini cha Yai Kimesingiziwa: Hoja Kuhusu Rolex ya Nyumbani

Rolex ni chapati iliyokunjwa ikiwa imebeba mayai ya kukaanga na mboga ndani yake. Ni chakula cha Uganda. Simulizi nyingi za chimbuko lake huanza na wapika chapati wa Busoga na kuishia Wandegeya, mtaa ulio jirani na Chuo Kikuu cha Makerere jijini Kampala, ambako wanafunzi wenye njaa na fedha kidogo walikifanya mlo wa asubuhi na wa usiku wa manane. Baadaye kilivuka mpaka. Nairobi wapo wanaokiuza kwa jina hilohilo, na wengine hukiita chapo mayai; Tanzania chapati na mayai ni kifungua kinywa cha watu wa kila hali. Kina sifa zote za chakula cha kumtuliza mtu: ni cha moto, ni laini, kinashibisha, na hupatikana saa ambayo jiko la nyumbani limeshazimwa.

Wanaokipenda chakula hiki na bado wanajali afya yao wameshika ushauri mmoja unaorudiwa kila mahali, kuanzia kumbi za mazoezi hadi meza za hoteli na mazungumzo ya ndugu: toa kiini. Yai livunjwe, ute ubaki, kiini kimwagwe. Baada ya hapo ununuliwe unga wa ngano isiyokobolewa, na rolex ihesabiwe kuwa imetakasika. Ushauri huu umeenea kiasi kwamba mtu anayekula yai zima huonekana mzembe. Nao umeanzia pabaya. Kiini ndicho kitu bora kuliko vyote vilivyomo ndani ya rolex, na anayekitupa huku akiacha mafuta ya chapati yalivyokuwa amefukuza asiye na hatia na kumwacha mhusika mkuu amekaa mezani.

Hofu ya kiini ina historia ndefu, na inafaa ifahamike kabla ya kupingwa. Mwaka 1913, huko St. Petersburg, mtafiti Nikolai Anichkov aliwalisha sungura lehemu, au kolesteroli kama wengi wanavyoiita, na mishipa yao ikajaa utando wa mafuta. Jaribio lile lilikuwa kazi kubwa ya kisayansi, na mchango wake katika kuelewa maradhi ya moyo haupingiki. Lakini sungura ni mla majani. Mwili wake haukuumbwa kupokea lehemu kutoka kwenye chakula, ilhali binadamu hutengeneza sehemu kubwa ya lehemu yake mwenyewe ndani ya ini, na ini la watu wengi hupunguza utengenezaji chakula kinapoleta zaidi. Mwaka 1968 Chama cha Moyo cha Marekani kilishauri mtu asile zaidi ya miligramu 300 za lehemu kwa siku wala viini zaidi ya vitatu kwa wiki. Kiini kimoja kina lehemu ya miligramu 190 hivi, kwa hiyo mayai mawili ya rolex yalikuwa yameshavunja sheria kabla chapati haijaiva.

Kizazi kizima cha wauguzi, walimu na waandishi wa vitabu vya mapishi kilisoma kanuni hiyo, nayo ikafika Afrika Mashariki kupitia mitaala na majarida ya afya. Kilichochelewa kufika ni marekebisho yake. Miongozo ya lishe ya Marekani ya 2015 hadi 2020 iliondoa kikomo cha miligramu 300, ingawa iliendelea kuwasihi watu wasizidishe. Mwaka 2019 Chama cha Moyo kilekile kilisema kwamba mtu mwenye afya njema anaweza kula yai zima moja kila siku kama sehemu ya mlo mzuri. Waliotoa amri wameilegeza, lakini walioipokea bado wanaishika.

Wapo wanaopaswa kujihadhari kweli, na haki inadai watajwe mapema. Mwenye kisukari, na mwenye ugonjwa wa kurithi unaopandisha lehemu, wako katika hali tofauti. Tafiti kadhaa zimeonyesha kwamba kwa wenye kisukari mayai mengi huenda yakaambatana na maradhi ya moyo, na kwao neno la daktari linatangulia makala yoyote. Hata kwa mwenye afya, rolex ya mayai mawili haifai kuwa chakula cha kila siku. Anayeitaka kila asubuhi atumie yai moja na mboga nyingi zaidi, au aile siku moja na kupumzika siku inayofuata. Hayo yote ni mashauri ya kiasi, na hakuna hata moja linalomwambia mtu mzima mwenye afya atupe kiini.

Kinachotupwa ni nini hasa? Vitamini A na D za yai ziko kwenye kiini. Karibu madini yake yote ya chuma yako humo, vilevile sehemu kubwa ya vitamini B12 na karibu kolini yote, kirutubisho ambacho ubongo na ini hukihitaji na ambacho vyakula vingi vya kila siku vina kidogo. Hata protini, ambayo wapenzi wa ute hudhani iko upande wao peke yake, imegawanyika: katika mayai mawili yenye protini ya gramu 12 hivi, zaidi ya gramu 5 zimo kwenye viini. Kuna faida nyingine ambayo haisemwi sana. Rangi ya karoti na ya nyanya hutokana na viini lishe vinavyohitaji mafuta ili mwili uvifyonze. Mwaka 2015 watafiti wa Chuo Kikuu cha Purdue, Marekani, waliwapa watu kachumbari ya mboga mbichi pamoja na mayai mazima yaliyopikwa, wakaona mwili ukifyonza viini lishe hivyo kwa wingi zaidi kuliko mboga zilipoliwa bila mayai. Rolex ni mboga na yai katika tonge moja. Mwenye kuondoa kiini anapunguza faida ya karoti aliyoikwaruza kwa bidii.

Sasa zije hesabu, kwa sababu hapa ndipo hoja ya watupa viini inapoanguka. Viini viwili vina kilokalori 110 hivi na mafuta ya gramu 9, ambayo gramu 3 na kidogo ni yale yaliyoshiba, aina inayolaumiwa kwa kupandisha lehemu ya damu kuliko hata lehemu iliyo ndani ya chakula. Kijiko kimoja cha chakula cha mafuta ya kupikia, mafuta ya aina yoyote, kina kilokalori 120. Kijiko kimoja. Na kama ni mafuta ya mawese, karibu nusu yake ni mafuta yaliyoshiba, yaani gramu 6 na zaidi, mara mbili ya viini vyote viwili. Mafuta mengi yanayouzwa kwa bei nafuu katika maduka ya Kampala, Nairobi na Dar es Salaam yametokana na mchikichi. Uganda yenyewe ina mashamba makubwa ya zao hilo katika Kisiwa cha Bugala, ndani ya Ziwa Victoria. Si lazima kusoma lebo ili kuyatambua. Asubuhi ya baridi, chupa iliyolala karibu na dirisha huonyesha tabaka jeupe zito chini, na juu yake mafuta ya njano yanayotiririka. Tabaka lile ndilo mafuta yaliyoshiba yakiganda.

Katika rolex mafuta huingia kupitia milango minne. Kwanza humiminwa kwenye unga unapokandwa. Pili, donge husukumwa, likapakwa mafuta, likaviringwa mfano wa konokono na kusukumwa upya, ili chapati iwe na matabaka. Tatu ni kwenye chuma cha kukaangia, chapati inapogeuzwa na kupakwa, ikageuzwa tena na kupakwa tena. Nne ni mayai. Muuzaji hushika chupa ya plastiki yenye kifuniko kilichotobolewa, akaibinya juu ya chuma kwa mzunguko, kisha akamwaga mayai katikati ya kidimbwi hicho. Mayai yaliyopigwa hufura papo hapo, kingo zikatoa mapovu na kugeuka kahawia, na kidimbwi kikatoweka. Mnunuzi huona chuma kimekauka na kudhani mafuta yameungua. Yamo ndani ya mayai, kwa kuwa povu la mayai hunyonya mafuta ya moto vizuri sana. Hasira zote huelekezwa kwa kiini, na mlangoni pa nne hakuna anayechungulia.

Mwaka 2021 wapishi wa Kampala walitengeneza rolex iliyoingia katika rekodi za dunia za Guinness kwa uzito wa kilo 204.6. Walitumia mayai 1,200, unga kilo 72, mboga kilo 90 na mafuta kilo 40. Ilikuwa sherehe, na si haki kuichukulia kuwa mlo wa kawaida, zaidi ya hayo sehemu ya mafuta hubaki kwenye chuma. Hata hivyo uwiano wake unafundisha. Ukigawa kwa mayai mawili mawili, kila fungu linapata mafuta ya gramu 67 hivi, ambayo ni karibu vijiko vitano vya chakula, pembeni ya viini vyenye mafuta ya gramu 9. Viini vyote vilikuwa 1,200, na mafuta yake yote kwa jumla yasingefika kilo 6.

Unga wa ngano isiyokobolewa nao umebebeshwa ahadi usizoweza kuzitimiza. Ni unga mzuri. Gramu 100 zake zina nyuzinyuzi za gramu 10 au zaidi, wakati unga mweupe hauzidi gramu 3, na nyuzinyuzi ndizo zinazochelewesha njaa na kusaidia tumbo. Ila haupunguzi mafuta hata tone. Mara nyingi huyaongeza, maana pumba hukata nyuzi za gluteni zinazoipa chapati ulaini, na hunywa maji mengi polepole. Mpishi asiyejua hilo hukanda kwa maji yaleyale aliyozoea, hupata chapati ngumu, kisha huilainisha kwa mafuta. Unga mweupe nao haustahili dharau yote unayopewa. Katika Kenya, Uganda na Tanzania sheria inavitaka viwanda viuongezee madini ya chuma na asidi ya foliki, virutubisho ambavyo wanawake wengi wa umri wa kuzaa wanavikosa. Kuchanganya nusu kwa nusu kunampa mlaji nyuzinyuzi, virutubisho vya kiwandani na chapati inayokunjika bila kupasuka.

Kwa hiyo rolex bora ya nyumbani huanza kwenye karai la kukandia. Kwa chapati nne, vikombe viwili vya unga, gramu 250 hivi, vinatosha, nusu mweupe na nusu usiokobolewa, pamoja na chumvi nusu kijiko cha chai na kijiko kimoja cha chakula cha mafuta ya alizeti. Alizeti ina mafuta yaliyoshiba kiasi cha sehemu moja tu katika kumi. Maji yawe ya uvuguvugu na yawe mengi kuliko mazoea, mililita 160 hadi 175, yaongezwe kidogo kidogo mpaka donge liwe laini kiasi cha kunata vidoleni. Wapishi wengi huogopa donge linalonata na kulikimbilia kwa unga zaidi. Hapo ndipo chapati kavu huzaliwa. Donge lifunikwe na kuachwa nusu saa au zaidi. Muda huo haulipiwi chochote, na unafanya kazi ambayo watu wameizoea kuifanya kwa mafuta: pumba hunywa maji ya kutosha, gluteni hulegea, na chapati husukumika bila kurudi nyuma.

Kupaka mafuta kati ya matabaka kusiachwe. Hapo mafuta yana kazi halisi, kwani ndiyo yanayotenganisha tabaka na tabaka, na chapati isiyo na matabaka haifai kwa rolex. Nusu kijiko cha chai kwa kila donge kinatosha ikiwa kitasambazwa kwa vidole mpaka ukingoni. Penye kuokoa ni kwenye chuma. Tawa ipate moto sawasawa, chapati iwekwe bila mafuta, igeuzwe inapoanza kutoa malengelenge, ikauke pande zote mbili hadi iwe na madoa ya kahawia. Baada ya hapo tu ndipo ipakwe nusu kijiko cha chai. Chapati iliyokwisha kuiva karibu yote hupata rangi na harufu kwa mafuta kidogo, lakini chapati mbichi iliyotupwa kwenye mafuta ya vuguvugu huyanywa yote na bado hutoka imepauka. Mbinu ya zamani ya kupakia inafaa kurudishwa: kitunguu kilichokatwa nusu na kuchomwa kwenye uma, kikachovywa kidogo kwenye mafuta na kusuguliwa juu ya chuma. Kinapaka utando mwembamba kuliko kijiko chochote, na kinaacha harufu nzuri.

Mayai mawili yapigwe mazima. Mboga zinazopigwa pamoja nayo ni kabichi iliyokatwa nyembamba, karoti iliyokwaruzwa, kitunguu na pilipili hoho, kikombe kizima kwa kila rolex. Vibandani mboga huwa chache kwa sababu zinahitaji muda wa kukatwa na foleni haisubiri. Nyumbani hakuna foleni. Mchicha uliokatwa, ambao Waganda huuita dodo, unaingia vizuri ukikamuliwa maji. Chumvi iwe ya ncha za vidole, kwani imo tayari kwenye chapati. Shirika la Afya Duniani linashauri mtu mzima asizidi gramu 5 za chumvi kwa siku, chini ya kijiko cha chai, na rolex ya kawaida hutiwa chumvi mara tatu: kwenye unga, kwenye mayai, na juu ya nyanya. Ile ya nyanya haina sababu. Ndimu ikikamuliwa juu yake, au pilipili mbichi ikikatwakatwa, ulimi hauikumbuki.

Kijiko kimoja cha chai cha mafuta kinatosha kukaanga mayai hayo kwa moto wa wastani. Yasambazwe yawe na upana wa chapati, na kabla uso wa juu haujakauka chapati ilazwe juu na kukandamizwa kwa kiganja au mwiko bapa, ishikamane na mayai yanapoganda. Igeuzwe, ifunikwe kwa mfuniko nusu dakika ili mayai yaive hadi ndani. Nyanya zitolewe mbegu, zikatwe slesi, zipangwe mbichi upande mmoja, kisha chapati ikunjwe kwa kubana. Vipande vya parachichi vinafaa badala ya nyanya, na maharage yaliyosalia jana yakipondwa kidogo na kupakwa ndani yanaipa rolex kitu cha kikomando, chapati ile na maharage ambayo Kampala inaipenda karibu sawa na rolex yenyewe.

Mafuta yote yaliyotumika kwa rolex moja ya namna hii ni chini kidogo ya kijiko kimoja cha chakula. Mlo mzima una kilokalori 500 hivi na protini inayokaribia gramu 20, viini vikiwa ndani. Anayetaka kuulinganisha na njia ya ute achukue chapati yenye vijiko vitatu vya chakula vya mafuta, aondoe viini viwili, ajumlishe: atakuwa amebaki na kilokalori zaidi ya 100 juu ya hii, protini pungufu, na karibu hana vitamini A wala D ya yai.

Pingamizi la mwisho hutoka kwa wapenzi wa rolex wenyewe, wanaosema kwamba bila mafuta mengi hiyo ni chapati ya mgonjwa. Wanaogopa kupoteza ladha, na hofu yao ina msingi, kwa kuwa wengi wamewahi kulishwa rolex ya ute: nyeupe, inayoteleza, isiyo na harufu, iliyokunjwa ndani ya chapati ngumu ya kahawia. Ladha ya mayai iko kwenye kiini. Harufu inayomvuta mpita njia hutoka kwa kitunguu na chapati vinapogeuka rangi juu ya chuma cha moto, na hilo hutokea kwa utando wa mafuta sawa na linavyotokea kwa kidimbwi. Kinachopotea kweli ni ule ukingo wa mayai uliokauka na kuvunjika mdomoni kama kaukau. Anayeutamani aongeze moto katika sekunde za mwisho, aache kingo zishike rangi kabla ya kukunja, na aile ingali ya moto, kwa sababu mvuke ulio ndani huulainisha ukingo huo ndani ya dakika chache.